Barua kwa mwanangu: kuhusu Josh Gibson

Mwanangu mpenzi,

Nimepata ujumbe wako. Unasema mmebishana kazini, na mwenzako anauliza ni haki gani Josh Gibson awekwe juu ya Ty Cobb, yule mchezaji Mzungu wa zamani, katika orodha ya wapigaji bora wa besiboli, ilhali Cobb alisimama kupiga mara zaidi ya 11,000 na Gibson 2,000 na kidogo tu. Hesabu zake ni za kweli. Mei 2024, Ligi Kuu ya besiboli ya Marekani ilipoingiza takwimu za ligi za Weusi katika vitabu vyake, wastani wa kupiga wa Gibson ulikuwa 0.372 na wa Cobb 0.367. Yaani katika kila mara 1,000, Gibson aliupiga mpira na kufika kituo salama mara 372.

Lakini uchache huo ulitoka wapi? Ngozi yake ilimfungia mlango wa Ligi Kuu. Alichezea Homestead Grays na Crawfords, timu za hapa hapa Pittsburgh, na msimu wa ligi zao ulikuwa mfupi kwa kuwa mapato ya ligi peke yake hayakutosha kuwalisha. Siku nyingine walikuwa ndani ya basi, mji hadi mji, wakicheza na timu yoyote iliyokubali kugawana kiingilio. Mechi hizo hazimo kwenye hesabu rasmi. Bamba lake la Cooperstown, kwenye Ukumbi wa Mashujaa wa besiboli alikoenziwa mwaka 1972, linasema aliupeleka mpira nje ya uwanja karibu mara 800. Takwimu rasmi hazifikishi hata 200. Kumpunguzia mtu nafasi ya kucheza, kisha kumlaumu kwamba alicheza kidogo, mimi siwezi kukubali.

Halafu kuna jambo ambalo naona mmelisahau nyote wawili. Gibson alikuwa mdakaji. Cobb alisimama mbali kule mwisho wa uwanja, akingoja mpira umfuate. Mdakaji anachuchumaa nyuma ya mpigaji mchezo mzima, kavaa barakoa na kinga ya kifua, kila mpira wa mrushaji unatua mkononi mwake, na ule unaoparazwa na gongo unamgonga vidole. Magoti huisha. Wadakaji wengi hudhoofika katika kupiga kwa sababu hiyo, na ndiyo maana kumwona mmoja wao juu kabisa ya orodha hiyo kunanishangaza mpaka leo.

Alifariki Januari 20, 1947, akiwa na miaka 35. Aprili 15 mwaka huo huo, Jackie Robinson aliingia uwanjani na Brooklyn Dodgers, Mweusi wa kwanza kucheza Ligi Kuu katika zama hizi. Miezi mitatu haikutimia! Kaburi la Gibson hapa mjini lilikaa bila jiwe la jina hadi 1975, na hilo linaniuma kuliko takwimu zote.

Sasa na wewe muulize mwenzako swali moja: katika misimu yake yote, Cobb aliwahi kukabiliana na mrushaji Mweusi kama Satchel Paige, nyota wa ligi za Weusi, katika mechi rasmi? Gibson alimkabili.

Wasalimie watoto.

Mama yako