Maswali ya Wasomaji: Masharti ya Jini na Hodi Isiyoitikiwa

SWALI: Tunatengeneza filamu ya kutisha ya dakika 12. Mvuvi mwenye deni anapatana na jini: jini atamjazia dau samaki kila siku, naye mvuvi atoe huruma yake. Tumewaonyesha watu kipande, wakacheka. Mwigizaji anafoka, anatoa macho, lakini hatishi. Tumekosea wapi? — Msomaji, Wete

JIBU: Hapo kwenye kufoka. Anayefoka bado anajali. Aliyeondokewa na huruma hana ugomvi na mtu, humsikii.

Tumieni hodi. Kila mtazamaji wa huku anajua hodi hupigwa mara tatu, isipoitikiwa mgeni huondoka. Pigeni tukio moja mara tatu, kamera palepale kwenye stendi, kimo cha macho ya mtu aliyekaa mkekani, kiasi cha sentimita 75 kutoka chini. Kabla ya masharti, jirani hajamaliza hodi ya kwanza, mvuvi keshaitika na kunyanyuka, chakula kakiacha. Mara ya pili anaitika hodi ya tatu, muhogo mdomoni, wala hanyanyuki. Mara ya mwisho hodi zote tatu zinapita. Yeye anachambua samaki, anatoa miba mmoja mmoja na kuipanga ukingoni mwa sahani. Msikate picha; iacheni sekunde 20. Jirani asionekane, zisikike ndala zake tu zikirudi kwenye changarawe.

Mwigizaji msimwambie "kuwa katili", maana ataanza tena kukunja uso. Mpeni kazi: atoe miba yote, asibakize hata mmoja. Mtu aliyeshughulika na miba huku anaitwa mlangoni anatisha bila kujua.

Kosa la pili ni masharti yenyewe. Jini akitamka "huruma", mtazamaji keshajua mwisho, kilichobaki ni kungoja. Aseme: "Nipe kinachokunyima usingizi." Mvuvi atadhani ni deni. Nyinyi muwe mmeshaonyesha mapema kwamba kinachomwamsha usiku ni kikohozi cha mwanawe. Baada ya mapatano mtoto anakohoa, baba analala fofofo. Damu haihitajiki, na mtaokoa pesa ya rangi.

Deni nalo litajwe kwa tarakimu. Anadaiwa shilingi 850,000, na bahari ikiwa njema anabakiwa na 15,000 kwa siku. Mtazamaji akipiga hesabu mwenyewe, ataona kwa nini mtu huyu hakukataa.

Sauti ya hodi irekodini kwa simu ya pili karibu na mlango, panka imezimwa. Kisha nyamazeni nyote, mrekodi ukimya wa chumba kile kwa dakika moja. Bila huo, kila mtakapokata sauti patasikika kama shimo.

SWALI: Tuanze na filamu gani za mapatano ya namna hii? — Msomaji, Mkoani

JIBU: Mbili zinatosha kwa kuanzia. Faust ya F. W. Murnau, ya Ujerumani, 1926, haina sauti. Mzee msomi anapatana na shetani kwa siku moja tu ya majaribio, na sababu yake ni njema: tauni inaua watu mjini naye anataka kuwaponya. Watu wanapogundua kwamba hawezi kuutazama msalaba, wanampiga mawe. Ujana na anasa vinakuja baadaye. Angalieni mlango ulivyofunguliwa: huruma ndiyo iliyomwingiza shetani. Waandishi wetu wengi huanzia kwenye tamaa, ndiyo maana mtazamaji hamsikitikii mhusika hata akiliwa na majini saba.

Ya pili ni Living in Bondage ya Nigeria, 1992, iliyouzwa kwa kanda za video. Andy anamtoa kafara mkewe Merit ili atajirike, kisha mzuka wa mke unamwandama. Picha ni za kawaida sana, lakini tazameni anachofanya Andy na pesa akishazipata.

SWALI: Picha za usiku ndani ya nyumba zinatoka na mistari inayotembea. Simu mbovu? — Msomaji, Bububu

JIBU: Simu nzima. Umeme wetu ni wa hezi 50, kwa hiyo taa hupepesa mara 100 kwa sekunde, na simu nyingi hutoka kiwandani zimewekwa picha 30 kwa sekunde. Hesabu hizo mbili hazigawanyiki sawa, ndipo mistari inapotokea. Wekeni 25, na kasi ya shata, yaani muda ambao kila picha inapokea mwanga, iwe 1/50 ya sekunde. Simu isiyoruhusu kubadilisha inahitaji programu ya kamera yenye marekebisho ya mkono. Mistari ikibaki, kosa ni la balbu ya LED ya bei ndogo. Jaribuni nyingine, au pigeni tukio kwa kandili, ambayo haipepesi hivyo.