Hiyo mashine inaijua -ja-?

Ndugu Mhariri,

Mmeuliza wiki hii kama sayansi ya kugeuza mawazo kuwa maneno itawezekana kweli, au itabaki hadithi za kubuni. Swali limenigusa pabaya, maana limeyatazama mawazo tu na kuyaacha maneno. Mimi nitajibu la maneno, tena ya Kiswahili.

Habari za "kompyuta yasoma akili" huchanganya vitu viwili. Cha kwanza ni kama kile cha Chuo Kikuu cha Stanford, Marekani, kilichotangazwa 2023. Mgonjwa wa ALS (maradhi ya neva yanayodhoofisha misuli) aliyepoteza usemi alipandikizwa elektrodi, yaani vidude vya kunasa ishara za umeme, kwenye sehemu ya ubongo inayopanga mijongeo ya midomo, ulimi na taya. Anajaribu kutamka, kompyuta inakisia fonimu, yaani sauti moja moja za lugha, kisha modeli ya lugha, programu inayokisia maneno yanayofuatana, inaziunganisha kuwa maneno. Ilifika maneno 62 kwa dakika, na kwa msamiati wa maneno 125,000 ilikosea karibu neno moja katika kila manne. Kazi kubwa, lakini hiyo ni imla. Wazo lilikwisha kuwa sentensi kabla mashine haijaligusa.

Cha pili kilifanyika Chuo Kikuu cha Texas pale Austin, mwaka huohuo, na hapo ndipo pa kukaa. Fuvu halitobolewi. Mtu analala ndani ya mashine ya MRI, ile ya hospitali inayopiga picha za ndani ya mwili kwa sumaku, akisikiliza hadithi, saa 16 kwa jumla, programu ijifunze ubongo wake yeye; iliyofundishwa kwa ubongo wa mwingine haikufua dafu. Tatizo ni kwamba MRI ya namna hii haioni neva zikifanya kazi, inaona damu yenye oksijeni, na damu huchukua kama sekunde 10 kupanda na kushuka. Msemaji wa Kiingereza hupitisha zaidi ya maneno mawili kwa sekunde. Kwa hiyo picha moja imebeba athari za maneno 20 na ushee, na huwezi kuyachambua kama mchele. Wakaenda kinyumenyume: modeli ya lugha inapendekeza maneno yanayoweza kufuata, programu inakadiria kila pendekezo lingezaa picha gani, inalinganisha na picha halisi, inabakiza yaliyokaribiana na kusonga mbele.

Msimulizi masikioni akasema, kwa Kiingereza, kwamba hajapata leseni ya udereva. Programu ikatoa: hajaanza hata kujifunza kuendesha. Mfano huu ulizunguka sana, na sifa zote zikaenda kwenye "maana". Haya, tuuweke kwa Kiswahili. Aliyesema alisema "sijapata". Mashine ikaandika "hajaanza". Nafsi imehama, na watafiti wenyewe walikiri kwamba nafsi huisumbua programu yao. Kwa Kiingereza ni kijineno kimoja kimekaa peke yake mwanzoni. Kwetu si- na ha- zimo ndani ya kitenzi. Mwambie trafiki "hana leseni" badala ya "sina", uone kama ni jambo dogo.

Halafu kuna -ja-. Sentensi zote mbili zina "bado", na kwa Kiswahili bado hiyo imebebwa na silabi moja. Hajaanza, hakuanza, haanzi: wa kwanza unamsubiri, wa pili umemkosa, wa tatu mwache. Damu ya sekunde 10 haiwezi kukupa silabi. Atakayeitoa ni modeli ya lugha kwa kukisia, na iliyolishwa Kiswahili kidogo itakisia vibaya, kwa ufasaha, bila kukuonyesha kwamba imekisia.

Hata vipimo vina kasoro. Makosa huhesabiwa kwa neno. "Hatukumwambia" ikitoka "tulimwambia", ni kosa moja, sawa na "motokaa" kutoka "gari". Na mashine yenye kamusi ya maneno kamili haitufai: kitenzi -ambia peke yake, ukikivika nafsi, njeo, mtendwa na ukanushi, kinazaa mamia ya maumbo. Kamusi iwe ya viambishi na mizizi, makosa yahesabiwe kwa kiambishi, na majaribio yawe na jozi za sentensi zinazotofautiana kiambishi kimoja tu.

Nilikusudia kumalizia kwa "hapana". Lakini upatanisho wetu wa kisarufi unanirudisha nyuma. "Watoto wadogo wawili wamelala": wa- imekuja mara nne. Mashine ikiikosa mara moja, ina nafasi tatu za kujisahihisha, bahati ambayo Kiingereza hakina. Ongeza irabu tano, silabi nyingi zinazoishia kwa irabu, na maandishi yanayofuata matamshi. Kwa njia ya Stanford, ya fonimu kwa fonimu, Kiswahili huenda kikawa chepesi kuliko Kiingereza.

Kwa hiyo jibu langu ni ndiyo kwa imla, mradi mtu arekodi sentensi za mazoezi kwa Kiswahili, zikiwemo zenye si-, ha- na -ja- kwa wingi, kwa sababu hizo hazirudiwi na upatanisho wowote. Kwa mashine ya damu, ndiyo kwa kiini cha habari. Kwa nani hakufanya nini, na kama bado anasubiriwa, hapana. Wanaoogopa kusomwa bila ridhaa wajue kwamba kule Austin, aliyetaja majina ya wanyama kimoyomoyo wakati hadithi ikiendelea aliivuruga programu vya kutosha.

Msomaji wenu,
Morogoro