Barua kwa mwanangu: ile teksi isiyo na dereva

Shangani, Mtwara

Mwanangu Rashidi,

Marahaba. Sisi wazima, baba yako bado anahangaika na mikorosho yake kule Nanyamba.

Umeuliza kama mimi ningepanda hizo teksi za kampuni ya Waymo zisizo na dereva, maana wenzako hapo Tempe, Marekani, wanaendea chuoni na wewe bado unangoja basi juani. Na umeniuliza mimi kwa kuwa nilizeekea kwenye dirisha la madai ya bima. Haya, nakujibu kibima.

Mwishoni mwa 2024 Waymo na Swiss Re, kampuni kubwa ya bima ya Uswisi, walitoa hesabu ya madai kwa kilomita zipatazo milioni 40 ambazo magari hayo yalikwenda bila dereva. Ukilinganisha na madereva wa kawaida, madai ya watu kuumia yalikuwa pungufu kwa asilimia 92, ya mali kuharibika asilimia 88. Mteja wa namna hiyo angekuja dirishani kwangu ningemchemshia chai. Ila hesabu yenyewe Waymo ameshiriki kuipiga. Tena haitoshi kusema lolote kuhusu vifo: huko Marekani hufa mtu mmoja kwa karibu kila kilomita milioni 130 zinazoendeshwa, kwa hiyo milioni 40 bado ni chache.

Hapo hapo Tempe, usiku mmoja wa Machi 2018, gari la majaribio la Uber lilimuua mama aliyekuwa anavuka barabara akikokota baiskeli. Wachunguzi walikuta kwamba gari lilimwona zaidi ya sekunde tano kabla. Likawa linayumba: mara huyu ni gari, mara kitu kingine, mara baiskeli, na kila likibadili jina linaanza upya kukisia anaelekea wapi. Programu haikutegemea mtu avukie nje ya zebra. Nje ya zebra! Waje wasimame sokoni kwetu asubuhi moja tu. Breki ya dharura iliyotoka na gari kiwandani ilikuwa imezimwa, na aliyewekwa kwenye usukani kuangalia alikuwa anaangalia simu.

La San Francisco ndilo linaloniudhi zaidi. Oktoba 2023 mwanamke aligongwa na gari lenye dereva wake, akarushwa mbele ya gari la kampuni nyingine, Cruise, lisilo na mtu. Nalo likamgonga, likasimama. Hadi hapo naelewa. Kisha likajisogeza pembeni yeye akiwa chini yake, likamburuta kama mita sita. Taarifa ilipopelekwa serikalini, habari ya kuburutwa haikuwemo. Mwezi uleule jimbo likawasimamishia kibali; mwaka uliofuata Cruise ikakiri kwamba ilitoa taarifa ya uongo, na General Motors, wenye mali, wakaacha biashara ya teksi hizo.

Niliwahi kuletewa nakala ya mchoro wa ajali, barabara ya Mingoyo kwenda Masasi. Ile alama ya X ya mahali pa kugongana ilikuwa imefutwa na kuwekwa upande wa pili wa mstari wa katikati, karatasi imekwanguliwa mpaka inataka kutoboka. Huenda haki ilikuwa ya mteja yule tangu mwanzo. Dai likakataliwa, na tokea hapo kila karatasi yake tuliinyanyua kwanza dirishani tuione kwenye mwanga. Ndiyo maana swali langu kwa wenye magari hayo ni moja: likikosea, picha za kamera zake anazishika nani? Kama ni kampuni peke yake, inayochagua kipande cha kuonyesha, hata hiyo asilimia 92 siitaki.

Baba yako anauliza zikifika Mtwara zitajuaje bajaji inayokata kona bila taa. Sijamjibu.

Wewe panda. Funga mkanda hata ukikaa nyuma, najua tabia yako. Usizichanganye na magari ya watu yanayojiendesha nusunusu, ambayo mwenyewe anatakiwa awe macho muda wote. Huyo rafiki yako anayechezea simu humo, shuka. Na likitokea la kutokea, kabla hujaipigia kampuni piga picha: namba ya gari, saa, alama za barabarani, lilipo gari na alipo mtu. Unitumie zote, hata zilizotoka vibaya.

Mama yako