Kuishitaki benki isiuze nyumba iliyowekwa rehani

SWALI: Assalaam alaykum, Sheikh. Niliweka rehani nyumba yetu ya Mbagala kwa mkopo wa benki. Biashara imekufa, na dalali ameshabandika tangazo la mnada getini. Jamaa ananishauri nifungue kesi nikidai kwamba mke wangu hakuridhia, ilhali alitia sahihi nikimwona, naye yuko tayari kuapa. Je, inafaa?

JIBU: Wa alaykumu salaam. Kwenda mahakamani si kosa. Rehani imetajwa katika Suratul Baqara, aya ya 283, na Mtume (s.a.w.) alifariki deraya yake ikiwa rehani kwa Myahudi kwa pishi 30 za shayiri. Mdai ana haki ya kujilipa kutokana na rehani, na mdaiwa naye ana haki ya kutouziwa mali yake ovyo. Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 inataka mdaiwa apewe notisi ya siku 60, mwenza aridhie nyumba ya ndoa kuwekwa rehani, na muuzaji atafute bei nzuri kadiri iwezekanavyo, kiasi kwamba ikishuka kwa asilimia 25 au zaidi chini ya wastani wa soko, huchukuliwa kuwa amekiuka wajibu wake mpaka athibitishe vinginevyo. Ikiwa hukupewa notisi, au nyumba inauzwa kwa bei ya kutupa, shitaki, wala usione haya.

Hilo la mkeo silo. Bukhari na Muslim wamepokea kwa Ummu Salama (r.a.) kwamba Mtume alisema yeye ni binadamu, huenda mmoja wa wagombanao akawa hodari wa hoja kuliko mwenzake, naye akahukumu kwa alichokisikia, basi aliyepewa haki ya mwenzake amekatiwa kipande cha moto. Zuio la mahakama litasimamisha mnada, lakini halitaufanya uongo kuwa kweli, na mkeo atashika Msahafu aikane sahihi ya mkono wake. Isitoshe, sharti la ridhaa liliwekwa kwa ajili ya mke ambaye nyumba inawekwa rehani kwa siri au sahihi yake inaghushiwa, na kila kesi ya uongo inamfanya huyo asisadikiwe siku atakapolia kweli.

Huenda ukasema mkopo wenyewe ni wa riba. Ni kweli, na toba ni juu yako. Lakini aya ya 279 inampa mdai rasilimali yake, kwa hiyo fedha ulizopokea ni deni. Aya inayofuata inaamrisha mwenye dhiki apewe muda, basi iandikie benki kesho ukiomba muda na kupunguziwa riba. Wakikataa, waombe wakuruhusu umtafute mnunuzi mwenyewe kabla ya mnada, maana anayekuja kuitazama nyumba kwa utulivu aghalabu hulipa kuliko wa mnadani, na kitakachobaki baada ya deni ni chako.

Wallahu a'lam.