Aende kwanza, ndipo ashitaki

Ndugu Mhariri,

Mmeuliza kama mfanyakazi wa usafiri wa umma anayehamishiwa mji mwingine bila kushauriwa anaweza kumshitaki mwajiri wake, au hana budi kutii na kunyamaza. Kwa maoni yangu haki ya kushitaki anayo, ila anaweza kuiharibu mwenyewe akibaki nyumbani siku anayotakiwa kuripoti kituo kipya.

Hapa Lubumbashi uhamisho si jambo geni. Katika familia za watu wa reli, mtoto mmoja alizaliwa Likasi, wa pili Kamina, wa tatu Kalemie, na hakuna aliyeona ajabu. Kwa hiyo siwaungi mkono wanaosema kila uhamisho ni dhuluma. Jambo la kwanza ni kusoma mkataba, kwa kuwa Sheria ya Kazi ya nchi yetu, Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo, namba 015/2002 ya tarehe 16 Oktoba 2002, inamtaka mwajiri ampe mfanyakazi kazi waliyopatana, kwa masharti, wakati na mahali walipopatana. Ikiwa mkataba unataja Lubumbashi peke yake, kumpeleka dereva Kolwezi, umbali wa kilomita 300 hivi, ni kubadilisha mapatano, na mapatano ya watu wawili habadilishi mmoja. Lakini ikiwa umeandikwa kwamba atafanya kazi popote shirika lilipo na kituo (mstari ambao siku ya kutia sahihi hausomwi na mtu), hoja ya mahali inadhoofika, na itambidi aonyeshe kwamba uhamisho ni adhabu iliyofichwa, kwa mfano barua ilipomfikia mara tu baada ya kudai mishahara ya nyuma.

Jirani yangu mmoja wa Katuba, kondakta, alikataa kwenda. Mwajiri wake hakujisumbua hata kuutetea uhamisho: alihesabu siku za utoro, akaziita kosa zito, akamwachisha kazi. Walipofika mbele ya mkaguzi wa kazi, afisa wa serikali anayesuluhisha migogoro ya kazi, mazungumzo yote yakawa juu ya utoro, na hoja yake ya msingi, ambayo naamini ilikuwa nzuri, haikuguswa.

Afadhali mfanyakazi anayehamishwa aandike barua ya kupinga, abaki na nakala yenye muhuri wa kupokelewa, kisha aende akiwa ameeleza humo kwamba kwenda kwake si kukubali. Bila barua hiyo, ukimya wake utahesabiwa ridhaa. Hatua inayofuata ni kwa mkaguzi wa kazi, kwani Mahakama ya Kazi haipokei shauri la mfanyakazi mmoja ambalo halijapitia usuluhishi wake; wasipopatana, mkaguzi huandika hati ya kutopatana, na kwa hati hiyo shauri linaweza kufunguliwa. Muda upo, miaka 3 kwa madai yatokanayo na mkataba, ingawa madai ya mshahara hufa baada ya mwaka 1.

Najua kwamba kulipa kodi ya nyumba mbili huku watoto wakisoma Lubumbashi kunaumiza, na wengi huogopa kwamba kushitaki kutawafukuzisha kazi. Kwa hofu hii ya pili sheria iko wazi: kuwasilisha malalamiko dhidi ya mwajiri si sababu halali ya kumwachisha mtu kazi.