Je, msanii huyu ni mwigizaji?

SWALI: Ninafanya kazi katika jumba la sanaa hapa Nairobi. Nimeandika maelezo ya ukutani kuhusu Ingrid Mwangi: "Mwigizaji wa video anayechunguza kitambulisho chake." Mwenzangu amekataa "mwigizaji" na "kitambulisho" pia. Je, ana haki? — Msomaji, Ngara

JIBU: Anayo. Ndani ya "mwigizaji" mna kitenzi iga. Mwigizaji huvaa nafsi ya mwingine: leo chifu, kesho mlevi, na pazia likifungwa anarudi kuwa yeye. Sasa tazama kazi ya Mwangi ya mwaka 2001, Static Drift. Kwa kiolezo kilichowekwa juu ya ngozi na jua lililoiunguza, tumbo lake lilichorwa ramani, ya Ujerumani katika picha moja na ya Afrika katika nyingine. Hapo anamwiga nani? Ngozi ni yake na jua ni jua.

Wataalamu wa fasihi simulizi wanalo neno utendaji, kwa kile afanyacho fanani akitamba ngano mbele ya hadhira. Mimi ningelichukua hilo: msanii wa utendaji. "Mtendaji" peke yake litamfanya ofisa wa serikali. "Sanaa za maonyesho" nalo limekwisha kuzoeleka kwa tamthilia na ngoma, na katika jumba lenu, ambamo maonyesho ni picha zilizotundikwa, litawachanganya wageni.

"Kitambulisho" ndilo linalonigusa zaidi. Mkazi wa Nairobi akilisikia, mkono unaenda mfukoni: ni ile kadi anayoombwa na bawabu mlangoni. Ki- imelifanya kitu cha kushikwa. U- hutupa hali, yaani mtu anavyojijua na anavyojulikana, kwa hiyo utambulisho. (Harusini utambulisho ni kuwajulisha wageni, lakini muktadha hutenganisha.)

Hata hivyo usilitupe kitambulisho. Baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia, serikali ya kikoloni iliwalazimisha wanaume Waafrika nchini humu kubeba kipande, yaani karatasi ya kuwatambulisha, wakakining'iniza shingoni ndani ya kikebe cha chuma. Msanii anayeizungumzia karatasi ya namna hiyo, kitambulisho ndilo neno lake hasa. Mwangi, aliyezaliwa Nairobi mwaka 1975 kwa baba Mkenya na mama Mjerumani, akahamia Ujerumani akiwa na miaka 15, anagusa kisichoandikika kwenye kadi.

Kuna jambo hukuliuliza. Mwaka 2005 yeye na mumewe, Robert Hutter, waliunganisha majina na wasifu wao wakawa msanii mmoja, IngridMwangiRobertHutter. Hapo ngeli ya A-WA inakudai uchague. Popote jina hilo la pamoja lilipoandikwa, andika "msanii huyu anachunguza", kwa umoja, maana umoja huo ni sehemu ya kazi yenyewe. Ukisimulia maisha yao tu, sema walikutana, wanaishi.

Ukutani basi: "Msanii wa video na utendaji anayechunguza utambulisho wake."