Kuijibu filamu ya Maya Deren kwa simu: anza na hatua, achana na kioo

Karibu kila anayeandika kuulizia namna ya kutengeneza filamu fupi ya kuijibu Meshes of the Afternoon, filamu fupi ya Maya Deren, anataka kitu kimoja: yule mtu wa vazi jeusi mwenye kioo mahali pa uso. Achaneni nacho. Kimeigwa mpaka kimechosha, na mara nyingi kioo humwonyesha mpiga picha mwenyewe.

Filamu hiyo ya 1943, waliyoipiga Los Angeles Maya Deren na mumewe Alexander Hammid kwa filamu ya milimita 16, nguvu yake iko kwenye ukataji, yaani kuunganisha shoti moja na nyingine. Mwanamke anainuka mezani na kisu, na kabla hajamfikia aliyelala, ambaye ni yeye mwenyewe, mguu wake unakanyaga mchanga, nyasi, njia ya saruji, halafu zulia.

Jibuni hapo. Wekeni simu usawa wa kifundo cha mguu, na pimeni kwa kamba umbali kutoka lenzi hadi mguu. Umbali ukibadilika, mguu utavimba na kusinyaa kila shoti. Mguu uingie kutoka upande uleule kila mara. Kateni ukiwa hewani, ukiwa juu kabisa, utue kwenye ardhi inayofuata. Ukikata baada ya kukanyaga, mtazamaji anaona sehemu nne tofauti, haoni hatua. Nje pigeni siku ya mawingu, maana kivuli kikigeuka upande ujanja wote unaonekana. Ndani, kwa umeme wetu wa hezi 50, tumieni fremu 25 kwa sekunde na shata (muda wa kupokea mwanga kwa kila fremu) ya sekunde 1/50, la sivyo taa za tyubu zitapepesa.

Ile picha ya filamuni ya mtu mmoja kuonekana amekaa mezani mara tatu kwa wakati mmoja ni rahisi kuliko inavyodhaniwa: simu kwenye stendi isiyoguswa, fokasi, mwangaza na rangi vimefungwa, shoti tatu, kisha ziunganisheni kwa tabaka kwenye programu ya kuhariri. Inapoharibika, sababu karibu kila mara ni kivuli cha mkono kilichovuka mpaka kati ya shoti zilizounganishwa, au dirisha lililoachwa wazi wingu likapita. Fungeni pazia, washeni taa.

Muziki msiuguse. Filamu ilikuwa bubu. Ule wa mtunzi Teiji Ito uliongezwa 1959. Rekodini nyayo za kila ardhi peke yake, simu ikiwa karibu na kisigino, kisha pachikeni sauti ya mchanga kwenye picha ya zulia.